Muungwana akivuliwa nguo huchutama: hivi tunaielewa kweli hii methali?

#1 Mchana wa Pangani

Wakuu, salaam.

Ijumaa iliyopita tulikuwa msibani hapa mtaani. Baada ya dua, watu wanasubiri wali, ikaletwa hoja ya michango ya chama chetu cha kufa na kuzikana. Hesabu hazikukaa. Paliletwa karatasi inayoonyesha upungufu wa laki tatu na themanini. Katibu akaanza kujitetea: mara mweka hazina hakumpa stakabadhi, mara wajumbe wa kule bondeni hawakuleta majina, mara mvua ya mwezi wa nne ilimloweshea daftari. Watu wakaanza kuguna. Mzee mmoja, rika la baba yangu, akasema bila hata kuinuka kwenye mkeka: "Muungwana akivuliwa nguo huchutama."

Turubai zima likanyamaza. Katibu akakaa chini na hakusema neno tena mpaka tunatawanyika.

Tangu siku hiyo maneno yale hayanitoki kichwani. Naona hakuna kauli ya Kiswahili iliyobeba heshima ya mtu kuliko hiyo. Ukishikwa na kosa usipige kelele, usimvute mwenzako, chutama. Mfano wangu mkubwa ni Mzee Ali Hassan Mwinyi. Mwaka 1975 akiwa Waziri wa Mambo ya Ndani, watu walikufa mikononi mwa polisi kanda ya ziwa. Hakuwa yeye aliyempiga mtu, wala hakutuma, lakini akaandika barua akaondoka.

Swali langu: kuchutama ni nini hasa? Ni kukiri, ni kuondoka, au ni kunyamaza tu? Na bado tunao wa kuchutama?

#2 Dereva wa Kyela

Naweka kambi hapa. Uzi wa maana.

#3 Fundi Saa

Mkuu Mchana, hoja nzuri, ila tuiweke sawa kwenye miaka. Matukio yale ni ya 1976, mikoa ya Mwanza na Shinyanga. Palikuwa na operesheni ya kuwakamata watuhumiwa wa mauaji, hasa ya vikongwe waliodaiwa kuwa wachawi. Walioshikwa wakateswa, na baadhi wakafia mahabusu. Mwinyi alijiuzulu Januari 1977.

Wala hakuwa peke yake. Waliondoka pia Peter Siyovelwa aliyekuwa Waziri wa Nchi Ofisi ya Rais, na wakuu wa mikoa wawili, Peter Kisumo wa Mwanza na Marco Mabawa wa Shinyanga. Watu wanne. Tumemkumbuka mmoja kwa sababu baadaye alikuwa Rais, na hilo nalo ni la kulitafakari.

#4 Binti wa Ng'ambo

Hapana jamani. Methali hiyo mnaibebesha mzigo usiokuwa wake. Mimi nimelelewa na bibi Unguja, na alikuwa akiitumia takriban kila siku. Maana yake ni stara. Mtu akikuvua nguo hadharani, yaani akikutukana, akikufedhehesha, akitoa siri yako, wewe husimami ukabishana naye uko uchi. Ukisimama kubishana ndiyo watu wanakuona vizuri zaidi. Unachutama ili ufunike kilichobaki. Hakuna kukiri hapo wala kujiuzulu. Ni namna ya kujihifadhi.

Bibi alikuwa akisema hivyo tunapogombana na watoto wa jirani. Tukirudi tunalia kwamba tumetukanwa, hakuuliza nani kaanza. Aliuliza, "Na wewe ulimjibu?" Ukisema ndiyo, ulikosa kashata.

#5 Mchana wa Pangani

Fundi Saa, shukrani, nimerekebishwa. 1976 na Januari 1977.

Binti wa Ng'ambo, kama ni stara tu, basi hata mwizi anayejificha ni muungwana?

#6 Binti wa Ng'ambo

Mwizi amejivua mwenyewe. Methali imesema *akivuliwa*. Soma kitenzi, kaka yangu.

#7 Mwalimu wa Zamu

Hapo Binti kagonga palepale. Kitenzi kiko katika kauli ya kutendwa: kuna mtu kamvua. Na huchutama ni hu- ya mazoea, maana yake hiyo ndiyo tabia ya muungwana siku zote, hahitaji kuambiwa. Kwa hiyo mzee wa msibani kwa Mchana, alipomwambia katibu vile, alikuwa anamkumbusha jambo ambalo muungwana hakumbushwi. Hilo ndilo lililomkalisha.

Niongeze kwamba kuna wanaosema "Mtu mzima akivuliwa nguo huchutama". Mimi naipenda hiyo zaidi, kwa sababu utu uzima unaweza kuufikia hata kama hukuzaliwa nyumba kubwa.

Nilete na langu. Mwaka wa pili wa kazi nilimchapa mtoto wa darasa la sita kwa kuiba kalamu ya mwenzake. Viboko vinne, mbele ya darasa. Mchana nikaiona kalamu yenyewe imedumbukia kwenye ufa wa dawati. Nililala nikiwa na hiyo kalamu kichwani. Asubuhi mstarini, baada ya wimbo wa taifa, nikamwita yule mtoto mbele nikamwomba radhi, shule nzima inasikiliza. Alikuwa kavaa sweta la bluu lililotoboka kiwiko cha kulia, na muda wote niliokuwa nasema alikuwa analiziba lile tundu kwa kiganja cha mkono mwingine.

Ofisini wenzangu hawakunisemesha siku mbili. Mmoja akaniambia nimewavua nguo walimu wote. Sasa niulizeni: siku ile nani alikuwa kavuliwa, na nani alichutama? Mpaka leo naona ni yule mtoto, siku aliyochapwa. Alikunja mikono, hakulia, hakumtaja mtu.

#8 Dereva wa Kyela

Mwalimu, ulikuja kusahihisha sarufi ukaondoka umetuliza wote. Yule mtoto yuko wapi sasa?

#9 Mwalimu wa Zamu

Ni fundi umeme. Tukionana ananiita mwalimu na ananipokea mzigo. Hatujawahi kulizungumza.

#10 Mama Kulwa

Mimi ni wa Shinyanga. Nimesoma bandiko la kwanza na la tatu na naomba niseme kidogo, kwa sababu mnapozungumzia heshima ya mawaziri mnawapita haraka sana wale bibi.

Huku kwetu bibi anaamka alfajiri kupika. Kuni hazipo, miti ilishakwisha, kwa hiyo anawasha kinyesi cha ng'ombe kilichokauka na miti ya pamba iliyong'olewa baada ya mavuno. Moshi wake mzito, unauma. Nyumba haina dirisha la kutosha. Miaka hamsini ya moshi huo, macho yanakuwa mekundu na yanatoa maji. Basi. Hayo ndiyo macho waliyouawa nayo. Ng'ombe wa jirani akifa, mtoto akiugua, wanatafuta nani mwenye macho mekundu, na mara nyingi ni mjane mwenye kashamba kake.

Halafu ikaja hiyo operesheni, ikazoa watu, na humo wengine hawakuwa na hatia. Kwa hiyo kulikuwa na makundi mawili ya marehemu, bibi waliokatwa mapanga na watu waliofia mahabusu. Barua ya waziri inahusu kundi la pili. Siibezi barua hiyo. Nasema tu kwamba mauaji ya vikongwe yaliendelea miaka mingi baada yake. Bibi mzaa baba yangu alihama kijiji mara mbili kwa sababu ya macho yake.

#11 Mchana wa Pangani

Mama Kulwa, pole sana na ahsante. Sikuwa nimeliona hivyo.

#12 Famau wa Lamu

Mwaongea kana kwamba muungwana ni tabia tu. Kwetu Lamu waungwana walikuwa watu maalumu: wenye nyumba za mawe, wenye nasaba, wenye watumwa. Muungwana maana yake ya kwanza ni mtu asiye mtumwa. Uungwana wa tabia umekuja juu ya huo wa ukoo, kama chokaa juu ya ukuta.

Na angalieni neno *nguo*. Pwani hii mavazi ndiyo yaliyokutambulisha. Mtumwa hakutakiwa kuvaa kama bwana wake, kilemba na viatu vilikuwa vya wenye mji. Utumwa ulipofutwa kisheria, Unguja na Pemba 1897, mwambao wa Kenya 1907, Tanganyika 1922, moja ya mambo ya kwanza watu waliyofanya ni kujivika: wanaume kanzu na kofia, wanawake kanga na buibui. Kwa hiyo muungwana kuvuliwa nguo si aibu ya uchi tu. Ni kunyang'anywa alama ya uhuru wake. Anachutama asionekane kuwa sawa na wale aliokuwa akiwadharau.

Simaanishi tuitupe. Lakini tujue tunachokinukuu.

#13 Mwalimu wa Zamu

Famau, maelezo yako mazito, lakini kama ingekuwa ya nasaba tu, mbona kuna "Uungwana ni vitendo"? Hiyo inapinga moja kwa moja. Inaonyesha hata zamani palikuwa na watu waliokataa kwamba uungwana unarithiwa.

#14 Famau wa Lamu

Sawa, lakini jiulize nani alikuwa na haja ya kuisema. Mwenye nasaba hana haja hiyo.

#15 Mtu wa Kindu

Jambo bandugu. Huku kwetu Maniema, mashariki mwa Kongo, neno hilo lilifanya safari yake lenyewe. Misafara ya Tippu Tip, yule mfanyabiashara wa pembe na watumwa kutoka Unguja, ilipofika Kasongo na Nyangwe, watu waliokuja nayo walijiita Wangwana. Wengi wao walikuwa wametoka katika utumwa, au bado wako chini ya bwana. Wenyeji walioingia upande wao nao wakawa Wangwana: kanzu, Uislamu, lugha. Ndiyo maana Kiswahili chetu kiliitwa Kingwana mpaka miaka ya karibuni.

Kwa hiyo Famau anaona neno lililotumika kumfungia mtu nje. Huku lilikuwa mlango wa kuingilia. Mungwana kwetu alikuwa yule aliyeamua kuwa mungwana.

Lakini pia mkumbuke, vijiji vilivyochomwa na misafara ile navyo viliwaita Wangwana, na hawakulitamka kwa heshima.

#16 Kisiagi

Hamjambo wadau, nawasalimu kutoka Murang'a.

Naona nyote mnamzungumzia aliyechutama na baadaye akainuliwa. Mwinyi aliandika barua, akapelekwa ubalozi Misri, akarudi serikalini, 1984 Rais wa Zanzibar, 1985 Rais wa Tanzania. Na wale ambao hawakuinuliwa?

Kwetu kuna David Munyakei. Alikuwa karani kijana Benki Kuu ya Kenya. Aliona karatasi za malipo ya Goldenberg, mabilioni yanalipwa kama zawadi ya kuuza nje dhahabu ambayo haikuwapo. Mwaka 1993 akazitoa nakala kwa wabunge. Akakamatwa, akafutwa kazi. Alifariki 2006 bila mali. Hakuna aliyemvua nguo huyo. Alikuwa amevaa vizuri, ana kazi nzuri. Alivua mwenyewe kwa sababu hakuweza kuvaa uongo.

Mwingine ni Bildad Kaggia, mmoja wa wale sita wa Kapenguria, waliofungwa na Waingereza pamoja na Kenyatta. 1964 aliacha unaibu waziri kwa sababu hakukubaliana na jinsi ardhi inavyogawanywa wakati wapiganaji na maskini hawana pa kulima. Mwaka uliofuata Kenyatta alikuja jimboni kwake Kandara akamsuta mbele ya umati: wenzako tuliofungwa pamoja wana mabasi, wana mashamba, wana majumba, wewe umejifanyia nini? Kaggia hakuwa na cha kuonyesha. Uzeeni alikuwa na kisiagi, mashine ya kusaga unga. Ndilo jina ninalotumia hapa. Alikaa na kisiagi chake, unga kwenye nyusi, mpaka akazeeka kabisa. Alifariki 2005.

Nipeni methali ya hao. Hiyo ya kuchutama haiwatoshi.

#17 Dereva wa Kyela

"Msema kweli mpenzi wa Mungu."

#18 Kisiagi

Mpenzi wa Mungu, ndiyo. Kodi ya nyumba Mungu hakumlipia.

#19 Ngosha Mkulima

Kisiagi umegusa jambo. Mimi naongeza kwa huyohuyo Mzee Mwinyi, na namheshimu. Februari 1991, yeye akiwa mwenyekiti wa CCM, Halmashauri Kuu ilikaa Zanzibar ikalegeza masharti ya uongozi ya Azimio la Arusha. Azimio la 1967 lilimkataza kiongozi kuwa na mishahara miwili, hisa, au nyumba ya kupangisha. Baada ya Zanzibar, ruksa. Hata jina Mzee Rukhsa limetokana na kipindi hicho cha kufungua milango.

Baba yangu alikuwa balozi wa nyumba kumi. Alizijua ahadi za mwana-TANU kwa moyo: "Cheo ni dhamana, sitatumia cheo changu wala cha mtu mwingine kwa faida yangu." Alikuwa anazisema akichunga ng'ombe. Kwake Azimio la Zanzibar ndilo lililovua watu nguo, na hakuna aliyechutama.

#20 Fundi Saa

Ngosha, hapo tutofautiane kwa heshima. Mwaka 1991 mshahara wa kiongozi haukutosha mwezi, na wengi walishakuwa na vibanda kwa majina ya shemeji zao. Unaweza kusema masharti yalilegezwa, na unaweza kusema uongo uliondolewa. Sheria ambayo kila mtu anaivunja kimya kimya inafundisha unafiki.

Ila narudi kwenye swali la msingi. Kuna kuondoka kwa aina nyingi na tusizichanganye. 1955 Mwalimu Nyerere aliacha kazi ya kufundisha Pugu kwa sababu aliambiwa achague, ualimu au TANU. Huko si kuchutama, huko ni kuchagua. Januari 1962 akaacha uwaziri mkuu wiki chache tu baada ya uhuru, akaenda kukijenga chama. Hakuna aliyemlazimisha. Mwinyi 1977 alibeba dhamana ya makosa ya walio chini yake. Lowassa, Februari 2008, alijiuzulu uwaziri mkuu baada ya ripoti ya Kamati Teule ya Bunge kuhusu mkataba wa umeme wa Richmond, na alilalamika kwamba kamati haikumsikiliza. Huyo wa mwisho je, alivuliwa au alijivua? Mpaka leo watu wanagombana.

#21 Binti wa Ng'ambo

Ndiyo maana nikasema ni stara! Mkishaingiza siasa, kila mtu ana nguo yake anayoitetea.

#22 Msafiri wa Maskati

Assalaam aleikum. Nimewasoma kimya kimya tangu jana.

Mmemtaja Mzee Mwinyi bila kutaja maneno yake yanayojulikana kuliko yote: kwamba maisha ya mwanadamu ni hadithi tu, basi kuwa hadithi nzuri kwa watakaosimulia. Wengi nyumbani wanadhani ni yake. Asili yake ni beti ya Kiarabu ya Ibn Duraid, mshairi aliyezaliwa Basra mwaka 837 akafariki 933. Watoto wa shule huku wanaijua. Mzee alikuwa mtu wa Kiarabu kizuri na aliichukua akaifanya ya Kiswahili, na hakuna ubaya, maneno mema ni ya anayeyatumia.

Lakini kwa mada ya Famau na Mtu wa Kindu kuna jambo lililonishtua nilipolisoma. Ibn Duraid alikimbia Basra akaja kuishi Oman miaka kadhaa, kwa sababu mwaka 871 mji uliingiwa na waasi wa Zanji, watumwa walioasi mashambani kusini mwa Iraki. Zanji ni jina la watu wa pwani yetu. Sasa tazameni: mtu aliyetunga "kuwa hadithi nzuri" alikuwa upande wa waungwana, na waliomkimbiza walikuwa watu waliokataa kuendelea kuwa watumwa. Hadithi yao wao ilisimuliwa na maadui zao.

Na neno *heshima* lenyewe, asili yake kwa Kiarabu ni haya, kuona soni. Sisi tumelipeleka kwenye kuheshimiwa na watu. Waarabu wamelibakisha ndani ya mtu mwenyewe.

#23 Mchana wa Pangani

Sheikh, hili la Ibn Duraid sikulijua kabisa. Nimelisoma mara tatu.

#24 Famau wa Lamu

Hadithi yao ilisimuliwa na maadui zao. Nimeiandika hiyo.

#25 Mtunza Stoo

Habari zenu. Si mchangiaji wa mara kwa mara. Nimeguswa na Kisiagi.

Miaka kumi na moja iliyopita nilikuwa natunza stoo katika ofisi moja ya umma, siitaji. Ulikuja mzigo wa mabati ya kuezekea madarasa. Hati ilisema 200. Nikayahesabu mwenyewe, napiga alama ya chaki ukutani kila kumi. Alama kumi na nne. Mabati 140. Nikahesabu tena kutoka chini kwenda juu. 140. Bosi akanipigia simu, akasema saini 200, mengine yanakuja wiki ijayo. Nikamwambia nitasaini 140 leo, na hayo 60 yakija nitayasainia siku yatakayokuja. Akacheka, akaniuliza nina watoto wangapi.

Sikusaini. Mwezi uliofuata nilihamishiwa mahali ambapo basi linafika mara mbili kwa wiki. Mke wangu alikuwa mjamzito. Hakuna aliyekuja kuniuliza chochote, si mkaguzi, si mwandishi, si mbunge. Aliyepewa stoo baada yangu alisaini. Yale madarasa nimeyaona: moja liliezekwa nusu, nusu nyingine walifunika kwa turubai.

Naambiwa nina msimamo. Watoto wangu wawili wa kwanza walipoteza mwaka wa shule kwa ule uhamisho. Sijutii, lakini sijawahi kujua kama nilifanya kwa sababu ya ujasiri au kwa sababu nilishindwa tu kuandika namba isiyo ya kweli kwenye ledja. Mkono haukwenda.

#26 Kisiagi

Ndugu, "mkono haukwenda". Hiyo ndiyo methali niliyokuwa naitafuta.

#27 Mama Kulwa

Mungu akubariki, Mtunza Stoo. Mkeo alisemaje?

#28 Mtunza Stoo

Alifunga mizigo. Alisema ya kule tutayajua tukifika.

#29 Viazi vya Uyole

Huyo mke ndiye wa kuandikiwa uzi.

Mimi langu ni dogo, ni la sokoni. Nanunua viazi kwa wakulima. Kila mtu anajua lumbesa: gunia linajazwa, halafu linaongezewa kichwa kwa kushonea kamba mpaka linazidi kilo 100 kwa mbali, na mkulima analipwa bei ya gunia moja. Sheria inakataza. Sokoni wanakwambia usiponunua lumbesa, dalali atakukataa na gari halitakupakia. Nilifanya lumbesa miaka minne. Siku moja mama mmoja ninayemnunulia kila msimu alikaa pembeni anatazama vijana wangu wanashindilia kwa miguu. Hakubisha. Alipomaliza kutazama akasema, "Mwanangu, hilo ni gunia langu la watoto kwenda kliniki," akasimama akaondoka.

Sasa nanunua kwa mizani. Napata faida ndogo, na msimu uliopita gari liliniacha mara mbili. Kuna waungwana wengi humu, lakini niambieni: nani kati yetu anayekula chipsi ameshawahi kuuliza gunia lilifungwaje?

#30 Dereva wa Kyela

Mimi ndiye dereva. Nimepakia lumbesa nyingi na nalipwa kwa gunia, si kwa kilo. Sikuwahi kuliona kama langu. Nalala nalo leo.

#31 Binti wa Ng'ambo

Kaka Dereva, sasa hivi umechutama, na hakuna aliyekuvua. Nimeanza kuitilia shaka tafsiri yangu mwenyewe.

#32 Ngosha Mkulima

Mimi bado nasema, tusiwapakie wadogo mzigo wa heshima wakati waliokalia vyeo wanapita pembeni. Mtunza Stoo kahesabu bati kwa chaki. Aliyeagiza 200 kahesabu nini?

#33 Fundi Saa

Na mimi bado nasema mkubwa na mdogo hawabebi dhamana ya aina moja. Waziri anabeba ambayo hakuyafanya. Mtunza stoo anabeba anayoyaona kwa macho. Ukiyachanganya unapata nchi ambayo kila mtu anamsubiri mwenzake aanze.

#34 Mchana wa Pangani

Wakuu, naomba niwarudishe nyuma kwa sababu kuna jambo limetokea, na nisipolisema nitakuwa sijawatendea haki.

Jana jioni katibu alikuja kwangu na daftari limefungwa kwenye mfuko wa rambo. Aliniletea mimi kwa sababu nilikuwa kati ya waliokuwa wakiguna. Nikalifungua. Limelowa kweli. Kurasa za kuanzia Aprili zimegandana, wino wa bluu umesambaa kama mtu kamwaga maji juu ya meza. Tulikaa mpaka saa nne usiku tunazibandua kwa wembe, ukurasa mmoja mmoja, tunazianika juu ya meza na kuweka kokoto pembeni zisikunjike. Majina ya watu wa bondeni yamo. Wamechangia. Aliyeandaa ile karatasi iliyosomwa msibani alinakili kurasa zinazosomeka tu.

Upungufu uliobaki ni elfu arobaini na sita. Katibu anasema hizo hawezi kuzieleza, na atalipa.

Kwa hiyo alikuwa anasema kweli kuhusu mvua. Na alipoambiwa achutame, alichutama.

#35 Mwalimu wa Zamu

Subhanallah. Na mzee je?

#36 Mchana wa Pangani

Nilimpelekea daftari asubuhi hii baada ya swala. Alivaa miwani, akashika ukurasa mmoja kwa vidole viwili asiuchane, akatafuta jina la marehemu kaka yake wa bondeni, akaliona. Elfu tano, tarehe kumi na mbili. Akakaa muda mrefu.

Akaniuliza hitima ni lini. Nikamwambia Jumamosi ya wiki ijayo. Akasema niwaambie vijana waweke mkeka wake mbele, na katibu akae palepale alipokuwa amekaa siku ile.

#37 Mama Kulwa

Utuambie.

#38 Dereva wa Kyela

Jumamosi nitakuwa njiani, ila nitasimamisha gari nisome.